Kutafsiri shairi ni kubeba amana

Sifa zote njema anastahiki Allah (s.w.), Mola wa walimwengu wote, aliyejaalia tofauti za ndimi zetu kuwa miongoni mwa Ishara zake (Ar-Rum, 30:22). Rehema na amani zimshukie Mtume wetu Muhammad (s.a.w.), ahli zake na Maswahaba wake.

Ndugu msomaji, katika kusomesha kwangu Maarifa ya Uislamu sekondari, kuna swali linalonirudia karibu kila mwaka. Mwanafunzi anasikia kuwa Omar Khayyam alikuwa mwanachuoni na mshairi mkubwa katika ulimwengu wa Kiislamu. Anafurahi, anatafuta mashairi yake. Anachokikuta ni vikombe vya ulevi, starehe na maneno ya kutilia shaka Akhera. Anarudi amechanganyikiwa: "Ustadh, huyu alikuwa Muislamu kweli?"

Kabla ya kumjibu, nami humuuliza: "Umemsoma kwa lugha gani?" Jibu huwa ni moja tu, Kiingereza. Hapo ndipo ninapoona haja ya makala hii. Vijana wetu wanahukumu watu, wakati mwingine wanahukumu hata dini yao, kwa kutumia mashairi yaliyopita mikononi mwa watu wengine kabla ya kuwafikia. Je, mikono hiyo ilibeba amana au haikubeba?

Uislamu na ushairi

Wapo ndugu zetu wanaodhani kuwa ushairi wote ni jambo la kuchukiza katika dini, na hutaja aya za mwisho za Surat Ash-Shu'araa zinazowalaumu washairi wanaofuatwa na wapotofu na wanaosema wasiyoyatenda. Ni kweli aya hizo zipo (26:224-226). Lakini aya inayofuata, ya 227, inawatoa katika lawama hiyo walioamini, wakatenda mema na wakamkumbuka Allah kwa wingi. Isitoshe, Hassan bin Thabit (r.a.) aliwekewa mimbari msikitini Madina ili amtetee Mtume (s.a.w.) kwa mashairi, na katika Sahih Bukhari imepokewa kuwa ndani ya baadhi ya mashairi mna hekima.

Kwa hiyo shairi ni chombo, na hukumu yake inategemea kilichomo. Na ikiwa hukumu inategemea kilichomo, basi ni wajibu kwanza tuwe na uhakika wa kilichomo. Kwa sisi tusioijua lugha ya asili, uhakika huo umo mikononi mwa mfasiri.

Onyo la Al-Jahiz

Suala hili si geni kwa wanavyuoni wetu. Al-Jahiz wa Basra, aliyefariki mwaka 255 Hijria (868/869 Miladia), aliishi wakati vitabu vya Wagiriki, Wafursi na Wahindi vikifasiriwa kwa wingi kwenda Kiarabu. Katika Kitab al-Hayawan alitoa rai yake kuwa elimu na hekima vinaweza kuhamishwa kutoka lugha hadi lugha, lakini shairi halihamishiki. Kwa mtazamo wake, ukilihamisha shairi, mpangilio wake hukatika, mizani yake hubatilika, na uzuri wake huondoka. Pia aliweka sharti kwa kila mfasiri: awe anazijua lugha zote mbili kwa kiwango kimoja, na awe anaijua elimu anayoifasiri sawasawa na mwenyewe aliyeiandika.

Kwa nini shairi liwe gumu kuliko maneno ya kawaida? Chukua mfano wa mizani. Ushairi wa Kiarabu, kwa kanuni alizozibainisha Khalil bin Ahmad al-Farahidi katika karne ya pili Hijria, umejengwa juu ya silabi ndefu na fupi. Kifursi nacho kilichukua njia hiyo. Kiswahili hakitofautishi silabi ndefu na fupi namna hiyo, chenyewe kinahesabu idadi. Utenzi una mizani nane kila kipande, na shairi la kawaida lina mizani kumi na sita kila mstari, nane na nane. Vina kwetu ni vyepesi kwa sababu maneno yetu karibu yote huishia kwa irabu. Mfasiri basi hawezi kuhamisha mizani ya Kiarabu kuja Kiswahili hata akitaka. Lazima aivunje nyumba na kuijenga upya kwa matofali mengine. Katika kuvunja na kujenga huko ndimo mnamoingia amana, na ndimo inamoweza kuingia hiyana.

Safari ya Omar Khayyam

Tumchukue Khayyam mwenyewe awe mfano wetu. Ghiyath al-Din Abul-Fath Umar bin Ibrahim al-Khayyam alizaliwa Nishapur, Khurasan, mwaka 1048 na kufariki mwaka 1131. Zama zake alijulikana zaidi kwa hisabati, falaki na falsafa. Aliandika risala ya aljebra iliyotatua milinganyo ya daraja la tatu, na alikuwa miongoni mwa wataalamu waliotengeneza kalenda ya Jalali ya mwaka 1079 chini ya Sultan Malik Shah. Zaidi ya hayo, alikuwa mfasiri. Alitafsiri kutoka Kiarabu kwenda Kifursi khutba ya Ibn Sina inayozungumzia upweke wa Allah (s.w.).

Ama mashairi, yanayonasibishwa kwake ni ya aina ya rubai, yaani ubeti wa mistari minne. Hapa pana tatizo la kwanza. Beti zilizopewa jina lake ziliongezeka karne hadi karne baada ya kufa kwake, hata zikapita elfu moja, na wachunguzi wanakubaliana kuwa nyingi si zake. Mtu akitunga jambo analoliogopa, ni rahisi kulitundika kwenye jina la marehemu mashuhuri.

Beti hizo zilikaa karne nyingi bila kujulikana sana Ulaya mpaka alipokuja Muingereza Edward FitzGerald (1809-1883). Yeye alijifunza Kifursi kwa rafiki yake Edward Cowell, ambaye alikuta katika maktaba ya Bodleian, Oxford, hati ya karne ya 15 yenye beti 158, na baadaye akampelekea nakala ya hati nyingine kutoka Calcutta. Mwaka 1859 FitzGerald alichapisha London kijitabu cha beti 75, nakala 250 tu, bila kuweka jina lake. Hazikununuliwa, zikaishia kuuzwa bei ya kutupa. Miaka michache baadaye washairi wa Kiingereza wakazigundua, na kuanzia hapo Khayyam huyu wa Kiingereza akaenea dunia nzima.

Sasa tuulize kuhusu amana. FitzGerald mwenyewe hakuficha kuwa hakufuata asili neno kwa neno, na kwamba beti nyingi alizichanganya pamoja. Rai yake ilikuwa kwamba ni heri shomoro aliye hai kuliko tai aliyejazwa pamba. Katika barua aliyomwandikia Cowell mwaka 1857 alisema kuwa anafurahia kujichukulia uhuru na hawa Wafursi, kwani kwa maoni yake hawakuwa washairi wa kumtisha mtu asifanye hivyo. Ndugu msomaji, pima mwenyewe. Je, angethubutu kusema hivyo juu ya mshairi wa Kigiriki au wa Kirumi?

Mwaka 1899 mchunguzi Edward Heron-Allen alilinganisha beti 101 za matoleo ya mwisho ya FitzGerald na hati za Kifursi. Alikuta beti 49 zinazotokana kila moja na ubeti mmoja wa asili. Beti 44 zilikuwa zimeunganishwa kutoka beti mbalimbali. Nyinginezo chache zilikuwa na asili tofauti, zikiwemo mbili zilizotokana na Attar, mshairi mwingine kabisa. Maana yake ni kuwa ni karibu nusu tu ya kitabu hicho inayoweza kuwekwa sambamba, ubeti kwa ubeti, na maandishi ya Kifursi, ambayo nayo, kama tulivyoona, hayana uhakika kuwa ni ya Khayyam.

Hiyana yenye sura nzuri

Tusije tukadhani kuwa hiyana ni ya upande mmoja. Mwaka 1967 mshairi Muingereza Robert Graves, akishirikiana na Omar Ali-Shah, alitoa tafsiri mpya iliyomwonesha Khayyam kuwa Sufi mcha Mungu. Walidai kuwa imetokana na hati ya karne ya 12 iliyohifadhiwa na ukoo wa Ali-Shah huko Afghanistan. Watu wakaomba kuiona hati hiyo. Haikuletwa kamwe. Mtaalamu wa Kifursi L. P. Elwell-Sutton alibainisha kuwa chanzo halisi kilikuwa kitabu kile kile cha Heron-Allen cha mwaka 1899.

Huenda Muislamu akavutiwa na Khayyam huyu wa pili kwa kuwa anatupendeza. Lakini uongo wa kumpamba mtu ni uongo vilevile. Dini yetu imetufundisha kuichunguza sanadi hata ya maneno mazuri, na wanavyuoni wa Hadithi walizikataa riwaya nyingi zenye mafunzo ya kuvutia kwa sababu tu wapokezi wake hawakuaminika. Basi na kwa mashairi tuwe hivyo hivyo.

Kwa hiyo mwanafunzi wangu ninampa habari za pande zote mbili. Al-Bayhaqi, ambaye alimuona Khayyam akiwa hai, amepokea kutoka kwa mkwewe kuwa siku ya kufa kwake alikuwa akisoma kitabu cha Ibn Sina, akakiweka chini, akausia, na baada ya sala ya Isha akasujudu akimuomba Mola wake msamaha, akitaja kuwa alijitahidi kumjua kwa kadiri ya uwezo wake. Kwa upande mwingine, Najm al-Din Razi, Sufi wa karne ya 13, alimlaumu kuwa ni mwanafalsafa aliyepotea, akanukuu beti zake mbili. Hayo ndiyo tuliyonayo. Anayetaka kumhukumu, aanzie hapo, asianzie London.

Kutoka London hadi Tanga

Safari haikuishia Uingereza. Mwaka 1952 Sheikh wetu wa ushairi, Shaaban Robert (1909-1962), mzaliwa wa mkoa wa Tanga, alitoa kitabu Omar Khayyam kwa Kiswahili, akitafsiri kutoka Kiingereza cha FitzGerald. Kwa hakika alifanya kazi kubwa. Alithibitisha mbele ya watawala wa wakati ule kuwa Kiswahili si lugha ya amri na hesabu za forodhani tu, bali kinaweza kubeba fikra nzito za kilimwengu. Kwa hilo tunamshukuru na kumuombea rehema.

Hata hivyo, lazima tuelewe alichokuwa nacho mezani. Yeye hakuwa na Kifursi. Alikuwa na shomoro wa FitzGerald, akamfanya aimbe Kiswahili. Na hapa pana jambo la kusikitisha ambalo ningependa msomaji alizingatie. Kiswahili na Kifursi ni majirani wa zamani kupitia bahari. Maneno bandari, bustani, serikali na nanga yana asili ya Kifursi. Mataifa mawili yaliyouziana tende na magogo ya mikoko kwa karne nyingi yakaja kupeana salamu za kishairi kwa kupitia kwa Muingereza!

Kilichopotea njiani

Huenda mtu akasema: "Kama maana imefika, njia ina umuhimu gani?" Nitatoa mifano mitatu.

Kwanza, kiwakilishi cha mtu. Katika Kifursi neno moja tu, "u", hutumika kwa mwanamume na mwanamke. Mshairi akimtaja mpenzi wake, msomaji hawezi kujua kwa neno hilo peke yake kama ni mtu mume, mtu mke, au ni Mola anayeelekewa na moyo wa mcha Mungu. Ushairi wa Kifursi umejengwa sana juu ya fumbo hilo. Muingereza hana neno la namna hiyo, ni lazima achague, na akichagua amelifunga fumbo. Lakini sisi tunalo! "Yeye" wetu ni wa mume na wa mke, na "amekuja" haisemi ni nani. Anayetafsiri kutoka Kifursi moja kwa moja kuja Kiswahili anaweza kulipokea fumbo likiwa zima. Anayepitia Kiingereza anapokea fumbo lililokwisha fumbuliwa, tena na mtu mwingine.

Pili, neno la kinywaji. Washairi wa Kisufi walitumia kileo na mnyweshaji kama ishara ya mahaba ya Mwenyezi Mungu. Wengine, bila shaka, walikuwa wakisema kileo cha kweli, na si haki kuosha kila kikombe kwa kudai ni ishara. Mfasiri wa Kiswahili afanyeje? Akisema "pombe" msomaji ananusa kilabu cha mtaani. Akisema "tembo" anauona mnazi. "Mvinyo" limetoka kwa Wareno na "divai" kwa Wafaransa, yote mawili yana harufu ya meza ya Mzungu. Akisema "hamri" msomaji anaingia moja kwa moja katika mlango wa fiqhi na adhabu zake. Hakuna neno lisilo na upande. Mfasiri muaminifu huchagua moja na kueleza katika dibaji kwa nini amelichagua.

Tatu, viungo vya mwili. Mwarabu humwita mtoto kipande cha ini lake. Muingereza akilitafsiri hilo, aghalabu hugeuza ini kuwa moyo, maana ini kwake halina huruma. Mswahili naye anasema maneno fulani "yamenikata maini." Tazama basi: kutoka Kiarabu hadi Kiswahili ini linaweza kufika salama likiwa ini. Likizungushwa kwa Kiingereza, linafika limekuwa kiungo kingine.

Hayo ni ya lugha. Yapo makubwa zaidi ya itikadi. Maulana Jalal al-Din Rumi (1207-1273) alikuwa faqihi na mwalimu wa dini, na Mathnawi yake ya vitabu sita imejaa aya, Hadithi na visa vya Mitume. Msomi wa Kiingereza R. A. Nicholson aliitafsiri yote kati ya mwaka 1925 na 1940, akiwa ameisoma kwa Kifursi. Lakini Rumi aliyeenea Marekani tangu miaka ya 1990, ambaye maneno yake hutumwa hadi kwenye simu za vijana wetu kama nasaha za mapenzi, aghalabu ni wa Coleman Barks, mshairi asiyejua Kifursi, aliyeziandika upya kwa mtindo wake tafsiri za Nicholson na wengine. Katika kuandika upya huko, mengi yanayomtambulisha Rumi kuwa ni Muislamu yamefifia au yameondoka kabisa. Kijana wa Kiislamu anampenda Rumi, anamsambaza, na wala hajui kuwa mtu huyo alikuwa akiswali.

Mfano wa Pate

Je, njia nyingine ipo? Ipo, tena ilipitwa na wazee wetu. Imam al-Busiri wa Misri, mtunzi wa Burda, alitunga pia katika karne ya 13 kasida ndefu ya kumsifu Mtume (s.a.w.) iitwayo Hamziya, kwa sababu kila ubeti unaishia kwa hamza. Zaidi ya miaka 200 iliyopita, Sayyid Aidarus bin Athman wa Pate aliitafsiri Hamziya kwa ushairi wa Kiswahili. Hati zake za mkono, zilizoandikwa kwa herufi za Kiarabu, zinauweka mstari wa Kiarabu, na chini yake mstari wa Kiswahili. Baadaye, huko Lamu, Sayyid Mansab (aliyefariki 1922) aliyatia Maulidi ya Barzanji katika tungo za Kiswahili.

Zingatia mambo mawili katika kazi ya Sayyid Aidarus. Alitoka kwenye lugha ya asili moja kwa moja, sharti lile la Al-Jahiz. Na aliiweka asili mbele ya macho ya msomaji, ili mwenye elimu aweze kumkagua mstari kwa mstari. Huo ndio ubebaji wa amana. Hakusema niaminini, alisema tazameni.

Ni kweli kuwa Kiswahili chake cha kale kinatupa tabu leo, hata watu wa pwani wengi hawakielewi bila sherehe. Hilo halimpunguzii kitu. Linatufundisha kwamba tafsiri huzeeka ilhali asili inabaki, na kwa hiyo kila kizazi kina deni lake la kutafsiri upya. Kizazi chetu kimelipa kiasi gani?

Tufanye nini?

Kwa msomaji wa kawaida, ninapendekeza maswali manne kila anaposhika shairi lililotafsiriwa. Je, limetoka lugha ya asili au limepitia lugha ya tatu? Je, mfasiri ameeleza alichopunguza na alichoongeza? Je, asili imewekwa pembeni ili aweze kukaguliwa? Na je, kuna uhakika kuwa asili hiyo ni ya huyo anayetajwa? Yakikosekana majibu, afurahie shairi akipenda, lakini asimhukumu mtu kwalo.

Kwa walimu na wanafunzi wa madrasa na vyuo vyetu, ombi langu ni kubwa zaidi. Mijini kwetu tunasoma Barzanji na Burda usiku kucha kwa sauti nzuri, na wengi wa wanaoitikia hawajui wanachokiitikia. Tunao vijana waliosoma Kiarabu kwa miaka kumi. Tunao pia malenga wasiojua Kiarabu lakini wanaojua mizani na vina kama wanavyojua majina ya watoto wao. Wakae pamoja, yule wa Kiarabu afafanue maana, yule malenga ajenge ubeti, na wote wawili wauhakiki mpaka waridhike. Waanze na beti kumi tu, zichapishwe pande mbili, asili kulia na Kiswahili kushoto. Wapatikane pia wachache wa kujifunza Kifursi.

Mwenye kuona kuwa kujifunza lugha ya watu ni mzigo, akumbuke kisa cha Zayd bin Thabit (r.a.) kilichopokewa na Tirmidhi na Abu Dawud. Mtume (s.a.w.) alikuwa akiandikiana na Mayahudi, na hakuwa na imani ya kuwaachia wao barua zake. Hakususa kuandikiana nao wala hakuridhika kuwategemea. Alimuamuru kijana wa umma wake ajifunze maandishi yao. Kwa riwaya ya Zayd mwenyewe, haikupita nusu mwezi akawa ameyamudu, na tokea hapo yeye ndiye aliyeandika barua zinazokwenda na kusoma zinazokuja.

Zayd alikuwa kijana mdogo, umri wa wanafunzi wetu wa sekondari.

Wallahu a'lam.